Mashine Iliyojifunza Kuchelewa

Kila asubuhi, kabla pikipiki ya kwanza haijafika na mitungi ya maziwa, Thacienne aligeuza jibini. Alianza rafu ya juu akashuka. Alishika kila moja kwa mikono miwili kama mtu anayemgeuza mtoto aliyelala, akaipindua, akaipitishia kitambaa chenye maji ya chumvi, akairudisha ubaoni. Kazi hiyo haikutaka mtu azungumze, na ndiyo sababu aliipenda. Alikuwa amerudi kutoka Goma na diploma ya ualimu, ila shule ya karibu haikuwa na nafasi, na baba yake alikuwa na chumba hiki cha jibini. Basi akaingia humo, akazoea baridi yake na harufu yake, na miaka ikaanza kupita bila kumuuliza.

Jumamosi hiyo aliamka akiwa amechoka tayari. Uani kuni zilikuwa zikipasuliwa tangu alfajiri. Mama yake, Mukasine, alikuwa ameshabandika maharage, na nywele za Thacienne zilikuwa zimesukwa tangu jana, zikimvuta ngozi ya kichwa. Mchana, watu wa kwao Faustin, mwalimu aliyetaka kumwoa, wangefika kujitambulisha. Aliambiwa apumzike ili uso uwe mzuri. Badala yake alikuja kwenye jibini.

Alikuwa akivuta ile kubwa ya rafu ya katikati aliposikia muziki.

Kwanza ilikuja milio ya kengele, midogo, ya haraka. Halafu ngoma ya umeme, na sauti ya mwanamke akiimba kwa lugha ambayo Thacienne hakuwahi kuielewa hata neno moja. Miguu yake iliutambua wimbo huo kabla ya masikio. Jibini ikamponyoka, ikaanguka kwenye saruji, ikapasuka ubavuni. Hakuwahi kuangusha hata moja tangu aanze kazi ile.

Wimbo huo ulikuwa wa mashine iliyokufa.

Huko Goma, walipokuwa wanafunzi, kulikuwa na ukumbi wa michezo, na ndani yake mashine kubwa ya kuchezwa kwa miguu. Unasimama juu ya mabamba manne yenye mishale: mbele, nyuma, kushoto, kulia. Kwenye kioo mishale inapanda ikifuata muziki, na kila mshale ukifika juu, unakanyaga bamba lake. Ukikanyaga sawasawa na wimbo, kioo kinang'aa manjano. Ukiwahi, buluu. Ukichelewa, nyekundu. Mashine ilikuwa na nafasi ya watu wawili, bega kwa bega. Thacienne, ambaye darasani hakuinua mkono hata akijua jibu alipandishwa pale siku moja na rafiki zake waliomsukuma huku wakicheka. Upande wa pili alisimama kijana mrefu aliyesomea umeme, mtu wa kwao kabisa, wa Masisi: Jean-Luc Byukusenge. Hawakusalimiana. Walicheza wimbo mzima, na uliposimama, Thacienne aligundua kwamba hakuwa ameogopa mtu yeyote. Tangu hapo walikuwa wakirudi pale pamoja kila walipopata nafasi, na kila mara wakienda nyumbani kwa miguu, kwa sababu nauli ilikuwa imeliwa na mashine.

Kisha mashine ikaharibika. Mwenye ukumbi akaiuza kwa wanunuzi wa vyuma chakavu. Jean-Luc aliwahi kabla yao, akaomba kitu kimoja tu, diski yake, kile kisanduku kidogo kizito kilichobeba mchezo na nyimbo zote. Alimwambia Thacienne, "Mwili umekufa, lakini kichwa kiko. Nitakitafutia mwili mwingine." Halafu akaenda Omate, kule Walikale, kutengeneza simu na jenereta za wachimbaji. Alisema atarudi. Hakusema atarudi kwa nani.

Mwanzoni zilikuja salamu. Baadaye hazikuja.

Thacienne alivuka barabara yenye matope, aproni ya kazi bado kiunoni. Muziki ulikuwa ukitoka kwa Mama Joséphine-Marie, shangazi yake Jean-Luc, aliyemlea. Mama huyo alikuwa amekaa mlangoni, ungo wa maharage mapajani.

"Unakimbia hivi juu ya nini, mutoto yangu? Ngombe imetoroka?"

"Mama, nani anapiga ule muziki?"

"Uliza miguu yako, njo imekuleta." Alitupa jiwe dogo alilolitoa kwenye maharage. "Alishuka jana na pikipiki, amekonda sawa ufito. Nikamuuliza, umeniletea nini kutoka Walikale? Akafungua mufuko. Waya. Waya na mbao. Nikasema, bon, nitapika waya na majani ya sombe. Ingia, mulango haiko na kufuli."

Ndani palikuwa na giza kidogo. Jean-Luc alikuwa amepiga magoti mbele ya meza, akifunga waya kwenye betri ya sola. Juu ya meza kompyuta kuukuu ilikuwa imewaka, na kwenye kioo chake mishale ileile ilikuwa ikipanda. Aligeuka. Macho yake yalikuwa yameingia ndani, na shavu moja lilikuwa na kovu ambalo hakuondoka nalo. Lakini alimtazama vilevile kama zamani, kama mtu anayesubiri aambiwe kama anaruhusiwa kutazama.

"Thaci."

"Jean-Luc."

"Nilitaka kuja kukusalimia jana. Nikasema kwanza hii imalizike."

"Ile mashine ilikufa. Nilikuwa pale. Niliona wanaibeba."

"Hata sasa imekufa." Alisimama taratibu, mkono mgongoni, kama mzee. "Hii ni ordinatere tu, ya kawaida, ya nyumba. Inaiga ile mashine. Karibu ukae. Kiti iko na mguu mumoja mubaya, ukae upande huu."

Thacienne hakukaa. Aliyatazama mabamba sakafuni: mbao za misipresi, juu yake vipande vya bati la madebe ya mafuta, katikati sponji ya godoro, na waya zilizokwenda mpaka ndani ya kibodi iliyopasuliwa.

"Inaiga namna gani?"

Hapo uso wake ukapata uhai. Thacienne aliukumbuka uso huo, na kuukumbuka kukamchosha.

"Diski iko na muchezo wote. Lakini muchezo ukiamka, kitu ya kwanza unauliza mwili yake. Unauliza: mabamba, muko? Taa, muko? Ufunguo, uko? Kama hakuna mwenye anajibu, unajizima. Na ordinatere haina hivyo vitu. Basi nikatengeneza programu kidogo, inakaa pale katikati. Kila kitu yenye muchezo unauliza, programu inajibu: niko. Mabamba? Niko. Taa? Niko. Muchezo unaamini uko kwake, unaanza kuimba."

"Kumbe unaudanganya."

"Ninaufariji."

Kicheko kidogo kilimtoka Thacienne bila ruhusa yake. Alikirudisha haraka.

"Kuko watu wa mbali walinisaidia," Jean-Luc aliendelea. "Kwenye internet. Hata sura yao siijui. Wanaamushaka mashine za zamani, kila mutu kwake. Kule Omate reseau ya simu iko juu ya kilima tu. Nilikuwa napanda, nawauliza, nashuka, najaribu, inakataa, napanda tena."

"Reseau ilikuwako basi."

Wimbo ulikwisha, na kompyuta ikaanza kunguruma peke yake.

"Ilikuwako," alisema.

"Na namba yangu?"

"Ilikuwako."

"Alors?"

"Nilikuwa nasema, nikimupigia nitamwambia nini? Niko nalala chini ya turubai, niko na malaria, na mashine inakataa? Nikasema ngoja iwake kwanza. Nikiwa na kitu cha kuonesha, nitarudi." Aliangalia mikono yake. "Imewaka juma lililopita. Nikapanda pikipiki."

Thacienne alitamani kumwambia mambo mengi. Alitamani kumwambia juu ya jioni alizokaa na simu mapajani, na juu ya jibu alilokuwa akiwapa watu walipomuuliza habari za yule kijana wa Walikale, kwamba yuko salama, wakati hakujua. Badala yake alikaza kamba ya aproni. Ndivyo alivyokuwa tangu utotoni.

"Umesukwa," Jean-Luc alisema. "Na kwenu wanapasua kuni tangu asubuhi. Kuko nini?"

"Wageni. Wanakuja kujitambulisha."

"Kwa nani?"

"Kwetu kuko binti ngapi?"

Jean-Luc alichukua bisibisi mezani, akaigeuzageuza, akairudisha palepale.

"Nani?"

"Faustin. Mwalimu wa Lushebere."

"Namujua. Alinifundishaka hesabu mwaka moja." Aliivuta waya moja, akaikaza. "Iko mutu muzuri."

Thacienne angeweza kuvumilia tusi. Hili la mtu mzuri lilimpita kifuani kama upepo wa baridi. Akavua viatu vyake, si kwa sababu alitaka kucheza. Alitaka tu kufanya kitu kwa miguu yake badala ya kukimbia.

"Washa," alisema. "Si ulitaka kitu cha kuonesha? Nijaribu niende."

Jean-Luc alibonyeza, na kengele zikaanza. Thacienne alipanda. Bati lilikuwa baridi chini ya nyayo. Mshale wa kwanza ukapanda, akakanyaga.

Buluu.

Akakanyaga wa pili. Buluu. Wa kulia, wa mbele, miwili kwa pamoja: buluu, buluu, buluu. Kila alipoweka mguu pale wimbo ulipomwambia, kioo kilimjibu kwamba amewahi mno. Alijitahidi, akasikiliza ngoma, akakaza. Buluu. Yeye ambaye Goma watu walikuwa wakiacha meza zao kuja kumtazama. Kabla wimbo haujafika nusu, alishuka. Pumzi ilikuwa imemwishia, na macho yalikuwa yakimuuma.

"Nimezeeka," alisema. "Imetoka kwenye miguu."

"Hapana. Itakuwa mabamba. Huku kuna baridi, sponji inakuwa nguvu. Acha nijaribu."

Jean-Luc alipanda. Thacienne alisimama ukutani akitazama. Aliujua uchezaji wa Jean-Luc, maana ulikuwa kichekesho cha ukumbi mzima: mguu sahihi, bamba sahihi, na kila mara umechelewa kidogo, kioo chekundu mwanzo hadi mwisho. Sasa alikanyaga, na kioo kikang'aa manjano. Manjano tena. Manjano mpaka mwisho wa ubeti. Lakini masikio ya Thacienne hayakudanganyika. Mguu ule ulikuwa ukichelewa vilevile kama zamani. Ngoma inapiga, halafu mguu unashuka. Ngoma, halafu mguu.

"Zima," alisema.

Akazima.

"Sponji haina kosa. Uliipima na miguu ya nani?"

"Kupima namna gani?"

"Unajua. Ile mashine ya Goma ilikuwa inajua wakati. Hii inauchukua wapi?"

Jean-Luc alishuka kwenye mabamba. "Kuko namba moja," alisema polepole. "Kwenye ordinatere sauti inapita milango mingi, inafika imechelewa kidogo. Lazima upime. Unakanyaga, unasogeza namba. Unakanyaga tena, unasogeza. Mpaka mashine ikukubalie."

"Na nani alikuwa anakanyaga?"

"Miye."

"Peke yako?"

"Nani mwingine, Thaci? Kule ni wachimbaji na mvua."

"Basi umeifundisha mashine kwamba kuchelewa kwako njo wakati." Sauti yake ilitoka kwa utulivu hata yeye akashangaa. "Umekaa kule, umeisogeza, umeisogeza, mpaka ikakusamehe. Na mutu akija kwa wakati wake, inamwambia amekosea."

Mlangoni maharage yaliacha kulia ndani ya ungo. Jean-Luc alikaa kwenye kiti kibovu, upande mbaya, kikayumba, akakizuia kwa mguu. Mikono yake ilining'inia katikati ya magoti.

"Siku zile za Goma," alisema, "unajua juu ya nini nilikuwa nachelewa?"

"Hukujua kucheza."

"Nilijua. Nilikuja mara nyingi peke yangu, asubuhi, nikapata manjano sawa wewe. Lakini ukiwa pembeni, nilikuwa nangoja mguu wako. Nasikia wako kwanza, halafu naweka wangu. Nilipenda kusikia wako ukitangulia." Alitazama mabamba. "Kule Omate niliikanyaga vile miguu ilizoea. Niliachia nafasi. Walahi sikujua kama nimeiachia. Wewe njo umeniambia sasa hivi."

Thacienne alijiegemeza ukutani. Udongo wa ukuta ulikuwa na unyevu, na aliusikia ukipita kwenye blauzi yake mpaka mgongoni. Alimfikiria mtu huyu katika kibanda cha turubai, mvua ikipiga, akiinua mguu na kuuzuia hewani kwa ajili ya hatua ambayo hakuna aliyekuwapo kuipiga. Hasira yake ilikosa mahali pa kushika.

Jean-Luc aliinuka, akaivuta kibodi ya pili. "Nitarekebisha. Ni kitu kidogo, nabadilisha namba, wewe unakanyaga, tunapima upya. Haitakawia."

"Usiguse namba."

"Lakini itaendelea kukwambia..."

"Jean-Luc. Acha ordinatere. Sema."

"Niseme nini?"

"Ile yenye uko nayo. Mchana watu wanaingia kwetu. Sema sasa."

Alimgeukia. Midomo ikafunguka. Thacienne aliyaona maneno yakimjia usoni, akaona pia yakirudi.

"Sina mutu wa kunisemea," alisema. "Papa yangu hayuko. Baba wadogo hawako. Kwenu mutu anakuja na wazee, na musemaji, na pombe. Miye nitaingia na nani kwa papa yako Munyakazi? Na shangazi na maharage yake?"

"Ninasikia," Mama Joséphine-Marie alisema kutoka mlangoni.

"Sikukuomba wazee," Thacienne alisema. "Nimekuomba wewe."

Kivuli kikaziba mlango. Alikuwa Mama Mukasine, kitenge cha jikoni kiunoni, moshi kwenye nywele. Alimsalimu shangazi, akaingia, akaviona viatu vya bintiye kando ya mabamba.

"Fromage iko chini imepasuka," alisema. "Nikajua uko hapa." Kisha akageuka. "Jean-Luc. Umerudi."

"Nimerudi, Mama."

"Umekonda. Utakuja kuchukua maziwa." Alimtazama kwa muda mrefu, bila ukali, kama mtu aliyebeba mzigo anayeuliza njia. "Mutoto yangu, kuko kitu unatafuta kwetu? Kama iko, niambie leo. Kesho haitanisaidia."

Jean-Luc alimtazama mama, akamtazama Thacienne, akatazama kioo. Kompyuta ilinguruma. Barabarani pikipiki ilipita, ikakwama kwenye matope, ikajivuta, ikaondoka.

"Hapana, Mama," alisema. "Nilitaka tu ajaribu mashine."

Thacienne alivaa viatu vyake. Kamba za kimoja aliziacha hazijafungwa.

Walitembea bega kwa bega kupanda nyumbani, mama na binti, wakikwepa madimbwi. Ng'ombe walikuwa wakirudi kutoka mtoni, na ukungu ulikuwa bado haujaachia vilima.

"Papa yako hamuchukii ule kijana," Mama Mukasine alisema. "Anaogopa. Mutu akienda Walikale anarudi na kitu ao harudi kabisa. Huyu amerudi na muchezo."

"Na wewe, Mama?"

"Miye nimechoka, Thaci. Nataka nikuone ndani ya nyumba yenye mutu iko ndani. Faustin akisema atakuja, anakuja. Ukikaa na mwanaume miaka mingi utajua ile si kitu kidogo." Alisimama kuvuta pumzi. "Sikiliza. Watakuita. Papa atakuuliza mbele ya wote kama unawajua. Unaangalia chini, unanyamaza. Ile inatosha, wanafungua pombe. Miye nilinyamaza. Bibi yako alinyamaza."

"Na kama mutu hataki?"

"Mwenye hataki njo anasema." Akaanza kutembea tena. "Lakini sijaonaka mwenye amesema."

Wageni walifika kabla mvua haijaanza. Walikuwa wachache, wenye heshima, viatu vimefutwa matope kwa majani. Mzee Sebarenzi, msemaji wao, alikuwa mfupi mwenye sauti nzito, na alikuwa na dumu la kasikisi, pombe ya ndizi, lililozibwa kwa jani na kufunikwa kitambaa cheupe. Thacienne aliwasikia kutoka chumba cha ndani.

"Papa Munyakazi, tumepoteza ndama," Sebarenzi alikuwa akisema. "Tumefuata nyayo kutoka Lushebere. Zimeingia ndani ya hii boma yenu."

"Hapa kuna ngombe nyingi," baba yake alijibu. "Na zote ziko na mwenyewe. Yenu iko na alama gani?"

"Inasemaka kidogo sana."

"Ah. Basi ile itakuwa yangu."

Watu walicheka. Kicheko cha uchovu, cha watu waliofanya kazi wiki nzima na bado wamekuja kwa ajili ya jambo jema. Thacienne akaitwa.

Aliingia, akapiga goti kidogo, akakaa kwenye kigoda karibu na mlango. Faustin alikuwa kwenye kochi, koti lake la shule limepigwa pasi, mkono mmoja umeshika mwingine. Alimtazama mara moja, kwa upole, kisha akashusha macho ili asimtie haya. Ni kweli alikuwa mtu mzuri. Thacienne aliona jinsi atakavyoishi naye: atakuja atakaposema anakuja, atauliza kama amekula, watoto watajua hesabu. Na yeye atakaa pembeni akikanyaga kabla ya wakati, maisha yote, akisikiliza nyuma yake mguu mwingine.

"Thacienne, binti yangu," baba yake alisema. Alikuwa amevaa kofia yake ya ibada, na sauti yake ilikuwa laini kuliko kawaida. "Hawa watu wameleta pombe. Mwenye nyumba hanywi kitu cha mutu mwenye mutoto wake hamujui. Unawajua? Tufungue?"

Mama yake alikuwa amesimama kwenye mlango wa jikoni, kijiko cha mti mkononi.

Thacienne aliangalia chini. Hivyo ndivyo miguu yake ilivyofundishwa, na shingo yake, na ulimi wake. Kimya kilimzunguka, kikawa kizuri, karibu cha kupumzisha. Hakuhitaji kufanya lolote. Kama angekaa hivyo kwa muda mfupi tu, kimya chake kingeinuka na kumjibia. Asubuhi ile alikuwa amemkasirikia mtu kwa sababu ya kimya. Alikuwa amesimama mbele yake, amemwambia sema, sema, kama mwenye deni kwake. Na yeye mwenyewe, tangu ukumbi ule wa Goma mpaka leo, alikuwa amemwambia nini? Hata yeye hakuwa amesema. Alikuwa ametangulia kwa miguu tu, akidhani miguu inatosha.

"Mutoto wetu iko na haya," Sebarenzi alisema kwa furaha. "Tumesikia jibu."

Mkono wa baba ulikwenda kwenye kitambaa cheupe. Ukakivuta. Ukashika lile jani.

"Papa, usifungue."

Sauti ilitoka ndogo, yenye kukwaruza. Wa kwanza kuinua kichwa alikuwa Faustin.

"Umesema nini?" baba yake aliuliza.

"Usifungue, Papa." Alipiga magoti. "Kaka Faustin, hukunikosea kitu. Wewe na watu wako mumetuheshimu, na miye nimewachelewesha, nisamehe. Nilipaswa kusema tangu ile siku ya kwanza ulikuja."

Faustin aliitikia kwa kichwa polepole, kama mwalimu aliyepewa jibu alilokuwa akiliogopa, na ambalo ni sahihi.

"Kuko mutu?" baba aliuliza.

"Kuko."

"Amekuja kwangu?"

"Hajakuja."

"Ametuma wazee?"

"Hana wazee, Papa."

"Amekwambia yeye mwenyewe kama anakutaka?"

"Hajaniambia."

Munyakazi aliachia jani. Alivua kofia, akaipangusa kwa kiganja, akairudisha kichwani, na kwa mara ya kwanza siku hiyo akaonekana umri wake. "Basi, binti yangu, unazuia pombe ya watu wazuri juu ya kitu gani? Juu ya mutu mwenye hajasema?"

Mlangoni Mama Mukasine alikuwa hajasogea. Hakumkonyeza, hakumzuia. Alikuwa anangoja tu, kijiko kikidondosha mchuzi sakafuni.

"Hajasema, Papa," Thacienne alisema, na safari hii kila mtu chumbani alimsikia. "Hata leo nimemuomba, ameshindwa. Labda atashindwa na kesho. Miye njo nasema. Ninamupenda Jean-Luc."